Kikundi kinalimudu shairi, riwaya nzima ataisoma nani?

Ndugu mhariri,

Salamu kwako na kwa wasomaji. Sisi ni kikundi cha waandishi sita hapa Tanga: wawili washairi, wanne watu wa riwaya. Hatuombi mbinu za kupata wazo la kuandika. Mji huu una baraza za kutosha, na anayejua kukaa kimya akasikiliza hakosi kisa. Kinachotushinda ni muswada mrefu.

Utaratibu wetu ni ule wa vikundi vingi. Tunakutana kila baada ya wiki mbili, kwa saa mbili. Mwenye zamu anasoma kwa sauti maneno yasiyozidi 2,000, yaani robo saa na ushei, kisha wenzake wanatoa maoni naye amenyamaza. Kunyamaza ni sharti. Mwandishi akianza kueleza alichokusudia, kikao kinajadili maelezo yake na kuliacha andiko lenyewe. Kila mmoja akipewa dakika 40, kikao kinabeba watu watatu.

Kwa washairi hapo pametosha. Shairi linasikika lote kwa mkupuo mmoja, na kosa lake linahesabika. Mtu akisoma “Nimekaa barazani, nawaza ulimwengu”, kila aliyepo anasikia kwamba utao, yaani kipande cha pili cha mshororo, una mizani (silabi) saba badala ya nane. Akitia “ya” baada ya “nawaza”, nane zimetimia. (Kama hiyo “ya” imeleta maana au imeziba pengo tu, huo ni ugomvi wa siku nyingine.) Mshairi anarudi nyumbani na kazi anayoweza kuimaliza usiku huohuo.

Sasa tazameni riwaya. Maneno 50,000 ni riwaya ya wastani tu, lakini kwa vipande vya 2,000 ni zamu 25. Kwa kuwa tuko sita na kikao kinabeba watatu, kila mtu anapata zamu mara moja kwa wiki nne. Zamu 25 ni wiki 100, karibu miaka miwili, na hapo ni rasimu ya kwanza tu.

Na ucheleweshaji si tatizo pekee. Ikifika sura ya kumi na mbili, msikilizaji hakumbuki kwamba yule mjomba alishaondoka mjini sura ya tatu, kwa hiyo hawezi kumuuliza mwandishi amerudi lini. Anabaki kukamata kilicho mbele yake: hapa ungesema “akaketi”, pale umerudia “ghafla” mara mbili. Maoni ya namna hiyo ni sahihi, ila mwandishi anayarudia maneno ya sura ambayo huenda ilipaswa kufutwa yote. Wengi hukwama hapo, wakiisugua sura ya kwanza hadi ing'ae, na ya pili haijaandikwa.

Tena kusoma kwa vipande kunapotosha muundo wenyewe. Mwandishi akijua atasikilizwa dakika 15 kisha kimya cha mwezi mzima, anaanza kufunga kila kipande kwa taharuki, kama zile hadithi za mfululizo magazetini: mlango unagongwa, simu inaita, mtu anaanguka. Gazetini ilikuwa lazima, mnunuzi arudi wiki ijayo. Ndani ya kitabu kimoja, mlango ukigongwa mara 25 msomaji hafungui tena.

Njia zilizopo tunazijua, na kila moja ina pa kukwamia. Kutuma muswada wote kwa WhatsApp hakuna gharama, lakini maneno 50,000 kwenye kioo cha simu yanachosha macho, na faili hubaki halijafunguliwa. Kuna na hofu ya kuibiwa wazo. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inalinda andiko, hailindi wazo tupu, kwa hiyo hofu hiyo haitulizwi kwa kutaja sheria. Inatulizwa kwa kuaminiana tu. Kuchapa ni bora. Ukiacha nafasi mbili kati ya mistari unapata kurasa kama 165, na pembeni pana pa kuandika. Nakala tano ni kurasa 825. Kwa shilingi 100 kila ukurasa ni shilingi 82,500, na si kila mwenzetu anazo.

Tuzo nazo husukuma watu. Tangu Tuzo ya Kiswahili ya Mabati-Cornell ianze 2014, na sasa hii ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, tarehe ya mwisho inamfanya mtu amalize alichokuwa anakizungusha. Lakini jopo la majaji kazi yake ni kuchagua, si kukueleza sura ya saba ilipwaya wapi. Muswada unatakiwa uwe umeshasomwa na mtu kabla haujafika huko.

Tunafikiria mambo mawili. La kwanza: mwezi mzima uwe wa muswada mmoja. Kila mtu ausome nyumbani (kwa kasi ya maneno 160 kwa dakika ni kama saa tano, inawezekana), aweke alama tatu tu pembeni: nilipochoka, nisipoelewa, nisipoamini. Kisha vikao vyote viwili vya mwezi huo viwe vya kitabu hicho. Ubaya wake ni kwamba watano wanakaa bila kusikilizwa, na asiye na muswada uliokamilika hana zamu kabisa. La pili: tugawane wawiliwawili, kila mtu awe msomaji wa mwenzake hadi mwisho. Hapo gharama inashuka kuwa nakala moja, lakini unakuwa mfungwa wa ladha ya mtu mmoja. Mpenda riwaya za upelelezi atakudai maiti katika hadithi ya ndoa.

Wasomaji mliopitia vikundi vya namna hii, tunaomba majibu ya mambo haya. Je, muswada usomwe na wenzake mwandishi ukiwa umefika mwisho tu, au hata ukiwa nusu, na hiyo nusu haimvunji mwandishi moyo? Washairi wetu wawili wana haki gani mwezi wa riwaya, na wanalipwaje saa zao tano? Gharama ya kuchapa iwe ya mwandishi au itoke mfukoni mwa kikundi? Na kama kuna aliyewahi kumwalika msomaji wa nje asiye mwandishi, tuseme mwalimu wa sekondari au mkutubi, alimpa nini kama shukrani, na alimwambia atazame nini hasa ili asirudi na masahihisho ya tahajia peke yake?

Wenu,
Kikundi cha waandishi, Tanga