Barua ya wazi kwa Waziri Sean Duffy: gari lisilo na dereva likigonga mtu, tuambiwe yote

Mheshimiwa Waziri wa Uchukuzi wa Marekani,

Salamu kutoka Phoenix, Arizona. Naandika kwa Kiswahili makusudi maana huku tuko wengi, Wakongo, Wakenya, Watanzania, na sisi ndo tunasimama kituoni na hili jua tukisubiri basi huku gari za kampuni ya Waymo zinapita hamna mtu kwenye usukani. Hakuna aliyetuuliza kama tunazitaka. Sawa, zimeshakuja, na siombi uzipige marufuku, binadamu naye anaua sana barabarani, anaendesha amelewa, anachati, wote tunajua. Ninachoomba ni ukweli wote ajali inapotokea, bila kukatwakatwa.

Hapa jirani, Tempe, tarehe 18 Machi 2018 gari la majaribio la Uber linalojiendesha lilimuua mama mmoja aliyekuwa anavuka barabara usiku akisukuma baiskeli. Tunajua nini kilitokea kwa sababu NTSB, bodi ya serikali inayochunguza ajali za usafiri, walichunguza wakaanika kila kitu hadharani. Gari lilimuona sekunde 5.6 kabla, mara likadhani ni gari, mara kitu kisichojulikana, mara baiskeli, na kila likibadilisha linaanza upya kukadiria anaelekea wapi, yaani programu yenyewe haikuzingatia kwamba mtu anaweza kuvuka pasipo na zebra, na breki za dharura za gari lenyewe, Volvo, zilikuwa zimezimwa, na dereva wa kusimamia alikuwa anaangalia simu. Inauma kusoma. Lakini ukishasoma unajua tatizo lilikuwa wapi na unajua cha kuwauliza wengine wanaoleta gari zao.

Sasa linganisha na San Francisco, tarehe 2 Oktoba 2023. Gari lililoendeshwa na mtu lilimgonga mwanamke akarushwa mbele ya gari lisilo na dereva la Cruise, kampuni ya General Motors, nalo likamgonga, likasimama, halafu likaanza kujisogeza pembeni na mtu yuko chini yake, likamburuta kama mita 6. Kesho yake watu wa Cruise wakakaa na maofisa wa serikali wakawachezea video, na wanasheria walioajiriwa na kampuni hiyohiyo walikuja kuandika kwamba intaneti ilikuwa inasumbua, na hakuna mfanyakazi aliyefungua mdomo kusema mtu aliburutwa, waliacha video ijieleze yenyewe!! Mheshimiwa, hapo ndipo imani yangu ilipoishia. Kompyuta ikikosea nitaelewa, ila waliokaa kimya mbele ya serikali walikuwa watu. California ikawanyang'anya kibali, NHTSA, idara ya usalama barabarani iliyo chini ya wizara yako, ikawapiga faini ya dola milioni 1.5, na mwaka 2024 wakakubali kwamba walitoa ripoti ya uongo, wakalipa dola 500,000 nyingine. General Motors walishamwaga zaidi ya dola bilioni 10 kwenye hiyo kampuni, sasa faini hiyo ilimuuma nani?

Baada ya hayo yote mimi nilitegemea mkaze. Mwaka 2025 wizara yako ikalegeza, ripoti ya ajali kubwa iliyokuwa inatakiwa ndani ya siku 1 sasa ni siku 5, na kampuni bado inaweza kudai siri ya biashara, ukifungua jedwali la ajali la NHTSA unakuta maelezo ya jinsi ajali ilivyotokea yamefutwa. Siri gani ya biashara iko kwenye jinsi mtu alivyogongwa?? Waymo wanatoa takwimu zao wenyewe na nawapongeza, ila usalama wetu hauwezi kutegemea kampuni imeamkaje. Mwaka huohuo AAA, chama cha wenye magari, waliuliza madereva wa Marekani, 13% tu ndo walisema wangeamini kupanda gari linalojiendesha, na mimi siwashangai kabisa.

Kwa hiyo naomba hivi, maelezo ya ajali yasifutwe tena, video nzima ifike NHTSA kabla kampuni haijaongea na waandishi wa habari, na aliyeficha gari zake zote zisimame nchi nzima mpaka uchunguzi uishe, maana kusimama kunauma kuliko faini. Na ukija Arizona kutangaza mpango wako mwingine wa magari haya, mkutano uwe Tempe, jioni watu wakishatoka kazini, na uweke wakalimani, tuna maswali mengi sana.

Mkazi wa Phoenix, Arizona