Jumamosi: David Nash na miti yake

Habari zenu wanakikundi. Kama tulivyokubaliana, Jumamosi tunamzungumzia David Nash, mchongaji Mwingereza aliyezaliwa 1945 na kufanya kazi zake Wales kaskazini.

Tuanze na Ash Dome, kazi yake ya miti hai iliyopindwa. Mwaka 1977 alipanda kwa duara miche 22 ya mti uitwao ash kwa Kiingereza. Ni miti ya jamii ya mzeituni, ingawa ukiitazama huwezi kudhani. Akawa anaipogoa na kuikata shina kidogo upande mmoja, ili aweze kuipinda bila kuivunja, mwaka baada ya mwaka, hadi ikakua imelala upande kama watu wanaocheza ngoma. Tazameni picha za mashina kwa karibu: pale kwenye kiwiko cha kila mti ndipo penye kazi yenyewe. Kwa bahati mbaya, ugonjwa wa kuvu unaoangamiza miti hiyo Ulaya umeifikia.

Halafu lile gogo lake, kazi iitwayo Wooden Boulder! Mwaka 1978 alichonga bonge la mwaloni akataka kulishusha kwa kijito hadi karakana. Likakwama. Badala ya kulivuta kwa nguvu akaliacha, akawa analifuatilia na kulipiga picha kwa miaka zaidi ya 20, mpaka likafika maji ya chumvi. (Mimi ningeenda kutafuta trekta, nakiri.)

Swali la kuja nalo: mchongaji ni yeye au mto?

Wenye vipande vya mbao mlivyoanza kuchonga, vileteni hata kama vimepasuka. Atakayechelewa atoe taarifa hapa, asinipigie.