VC kukimbilia korti sio shida, shida ni barua

Mhariri,

Kila gazeti likiandika ati VC fulani (makamu chansela, yaani mkuu wa chuo kikuu) ametumwa likizo ya lazima na baraza la chuo, halafu kesho yake korti imesimamisha, hapa kwetu watu wanaanza, hao maprofesa kazi yao ni kujificha nyuma ya mawakili. Mimi nilikuwa karani chuoni miaka mingi mpaka nikastaafu, hizo barua za nidhamu nimezipiga taipu mimi mwenyewe, na wacha niwaambie, nyingi zilikuwa zinaomba kupelekwa kortini.

Angalieni tu Chuo Kikuu cha Nairobi. Januari 2020 Profesa Stephen Kiama ametoka kupewa kazi ya VC, hata kiti hajakizoea, waziri wa elimu wa wakati huo, marehemu George Magoha, akafuta uteuzi na baraza lenyewe akalivunja. Na Magoha mwenyewe aliwahi kuwa VC hapo hapo! Ile haikuwa hata kesi ya nidhamu, ilikuwa ni kuamka na kuamua. Korti ya ajira ikasimamisha, baadaye wakaelewana, Kiama akarudi ofisini. Kufika 2024 baraza jingine nalo likamwambia aende likizo, na yeye huyoo, korti tena. Sijui kama alikuwa na makosa au hakuwa, na hapo ndipo watu hukosea, jaji haanzi kwa kuuliza kama pesa zililiwa. Anauliza makosa uliandikiwa? Ulipewa siku za kujibu? Anayekuhukumu si ndiye aliyekushtaki? Majaji wamesema mara nyingi hawataki kuingilia nidhamu ya mwajiri, wanaingia mambo yakiwa yamepinda wazi wazi.

Na baraza zetu hupinda. Kule nilikofanya kazi (sitataja) kuna Ijumaa tuliitwa jioni watu wanafunga kurudi nyumbani, nikaambiwa nipige barua ya kumtuma mkubwa mmoja likizo. Nikauliza ile ya kumtaka ajieleze iko wapi niweke kwa faili, nikaambiwa hiyo utaandika Jumatatu na uirudishe tarehe. Nikitoka nakuta fundi ameshafika na bisibisi, anabadilisha kitasa cha mlango wa ofisi yake, mwenyewe bado hajapata barua yoyote, koti lake liko ndani limening'inia kwa kiti. Sasa ukiwa wakili unahitaji nini tena? Orda ya korti ya kumrudisha ilitoka wiki hiyo hiyo, kesi ikawa ni ya kutajwa na kutajwa, chuo kikakaa na wakubwa wawili kila mmoja anadai ndiye wa kusaini cheki, na wakili wa baraza analipwa na nani, ni chuo hicho hicho ambacho walimu wa muda wanakidai. Kama yule mtu aliiba kweli, baraza ndilo lililomwokoa.

Ile Sheria ya Ajira ya 2007, kifungu 41, wala haina ugumu. Kabla hujamfuta mtu kwa makosa mweleze sababu kwa lugha anayoielewa, aje na mfanyakazi mwenzake au mtu wa chama cha wafanyakazi, msikilize. Katiba nayo kifungu cha 47 inasema mtu apewe sababu kwa maandishi. Sasa baraza limejaa wasomi na barua kama hiyo linashindwa kuandika?

Kinachoniuma mimi ni kwamba kifungu hicho kinamhusu mfagiaji sawa na VC. Tulikuwa na tarishi mmoja, mzee wa watu, alifutwa kwa barua ya nusu ukurasa, ya Kizungu, akaniletea kwa kaunta akaniuliza, "Mama, hapa wanasema niende wapi?" Nikamsomea. Akaikunja vizuri akaitia mfukoni, akaniuliza kama bado anaruhusiwa kumaliza kupeleka zile barua alizokuwa nazo mkononi. Huyo hakuenda korti yoyote.

Karani mstaafu,
Nakuru