Barua kwa Mwanangu Anayekwenda Nyarugusu na Kamera

Mwanangu mpenzi,

Salamu nyingi kutoka Ngara. Sisi hatujambo. Nimefurahi kusikia kwamba umepata kazi ya kupiga picha katika kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, na kabla hujaondoka nataka nikueleze jambo nililokaa nalo tangu hujazaliwa.

Mwishoni mwa Aprili 1994, Wanyarwanda wapatao 250,000 walivuka daraja la Rusumo mpakani kwa muda wa saa 24, wakaja kutua Benaco, kambi ya hapa kwetu Ngara. Nilisimama kando ya barabara na ndoo ya maji na kikombe kimoja cha bati. Akapita mzee amejitwika mlango wa nyumba yake, mlango mzima wa mbao, ufunguo ungali kwenye kitasa. Alikunywa, akashukuru, akajitwika tena mlango wake, akaenda. Sikumuuliza jina. Hadi leo, kila ninapofunga mlango wetu usiku, humkumbuka mzee yule na sina jina la kumwombea.

Mwaka huo huo alifika Benaco Mbrazili Sebastião Salgado, mchumi aliyeacha kazi ya shirika la kahawa huko London ili apige picha, na ambaye mwenyewe aliihama Brazil mwaka 1969 kwa sababu ya utawala wa kijeshi. Picha zake uliponionyesha, nyeusi na nyeupe, moshi umetanda juu ya umati usio na mwisho, nililia, kwa kuwa ndivyo palivyokuwa. Alifika pia Goma, mji wa Kongo uliopo mpakani na Rwanda, ambako kipindupindu kiliua watu maelfu kwa maelfu, na yale aliyoyaona yakamdhoofisha hata mwili, akafikiria kuiacha kamera kabisa. Baadaye yeye na mkewe Lélia walipanda miti zaidi ya milioni mbili katika shamba la wazazi wake. (Miti yetu ya Benaco nayo iliishia kuwa kuni.)

Wako waliomlaumu kwamba alipendezesha mateso. Mimi siungani nao, kwani aliyepoteza kila kitu anastahili kupigwa picha kwa uangalifu ule ule anaopigwa bwana harusi. Lawama ninayoikubali ni ya Susan Sontag, mwandishi wa Marekani, aliyeandika mwaka 2003 kwamba maelezo ya picha zake hayawataji watu kwa majina.

Nyarugusu utawakuta Wakongo waliopo tangu 1996 na Warundi waliokuja kuanzia 2015, na wengi mtaelewana kwa Kiswahili. Amkia kwanza, keti, uliza jina, ndipo uombe ruhusa ya kupiga picha. Anayehofia kujulikana, jina lake lisitoke pamoja na picha, bali libaki kwako.

Nimemkabidhi kondakta wa basi la Kasulu daftari lako. Kurasa za mwanzo nimekwisha kuzipiga mistari: jina, alikotoka, alichobeba.

Ni mimi mama yako.