Anza na zile dola 70

Mpendwa Rehema,

Salamu nyingi. Umeuliza kwa nini wanasheria wa Marekani hawaishi kubishana juu ya kesi za kundi, zile ambamo mtu mmoja hushtaki kwa niaba ya wengi wenye dai kama lake. Anza na dola 70.

Hicho ndicho kiasi alichodai mlalamikaji katika kesi ya Eisen, dhidi ya madalali wa hisa wa New York. Wakili gani angeihangaikia? Wanasheria Harry Kalven na Maurice Rosenfield waliliona tatizo hilo tangu 1941: madai madogo hufa kwa kuwa gharama ya kuyafuata inayazidi, kwa hiyo yaunganishwe, na wakili alipwe kutokana na fungu litakalopatikana. Mwaka 1966, Profesa Benjamin Kaplan wa Harvard akiwa mwandishi wa kamati ya kanuni za mahakama za shirikisho, Kanuni ya 23, inayosimamia kesi za kundi, ikaandikwa upya. Tangu hapo, katika madai ya fidia, umo kundini mpaka uombe kujitoa.

Hapo ndipo pazito, Rehema. Asiyejua hata kama kuna kesi anafungwa na hukumu yake. Ndiyo maana wadai lazima wawe wengi, wawe na suala moja la pamoja, dai la mwakilishi lifanane na ya wenzake, naye awatetee ipasavyo. Kwenye fidia, masuala ya pamoja lazima pia yazidi yale ya mtu mmoja mmoja. Sharti hili huangusha kesi nyingi: ikiwa kila mdai aliahidiwa lake kwa mdomo, jaji atalazimika kumsikiliza kila mmoja, na kundi halipo tena.

Kisha kuna taarifa ya kuwajulisha wanakundi kwamba kesi ipo. Katika Eisen, watu 2,250,000 walijulikana kwa majina. Kuwaandikia wote kungegharimu dola 225,000. Jaji wa kwanza alikubali mpango wa dola 21,720, asilimia 90 zilipwe na wadaiwa. Mwaka 1974 Mahakama ya Juu ikakataa: kila anayejulikana aandikiwe, na mlalamikaji ndiye alipe. Kundi likavunjika. Kwangu mimi, kanuni iliyotungwa kumlinda mnyonge ilimfungia mlango.

Kesi nyingine humalizwa kwa pande mbili kupatana. Ukisoma mkataba wa suluhu kama huo, usiishie kwenye jumla iliyotangazwa. Tafuta fomu ya madai: ina kurasa ngapi, inataka risiti? Pesa zisizochukuliwa zinakwenda wapi, zinarudi kwa mdaiwa? Na ada ya wakili imepigwa juu ya fungu lote au juu ya kilichowafikia watu? Tangu marekebisho ya 2018, kanuni yenyewe inamtaka jaji apime njia ya kugawa fedha pamoja na masharti ya ada hiyo.

Nisalimie wote nyumbani.

Wako,
Salehe