Kati ya kombe na kombe kuna miaka kumi

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi nimjibu msomaji wako wa Iringa aliyelalamika kwamba kurasa za michezo zinapoteza wino kwa tenisi ya wanawake, mchezo ambao kwa maneno yake ni wa wenye nazo na sisi hautuhusu.

Kwamba tenisi inakula fedha, hapo hajakosea. Ila hilo la kutotuhusu nadhani amelipata kwenu ninyi waandishi, kwa namna mnavyozileta habari hizi. Leo picha ya binti na kombe, kesho kimya miaka mitatu, halafu watu wanaulizana vijiweni yule dada kapotelea wapi. Msomaji atajuaje kwamba kati ya picha ile na nyingine mtu alikuwa kazini?

Mfano wa karibu ni Angella Okutoyi wa Nairobi. Kila anayeandika habari zake huanza na bibi yake, aliyemlea yeye na pacha wake huku akifanya usafi kwenye shule ya Loreto Convent Valley Road. Ni habari tamu, na ya kweli. Lakini mimi kama mwalimu jicho langu linakwenda kwingine: familia iliishi kwenye nyumba za wafanyakazi za shule, na shule hiyo ilikuwa na kiwanja cha tenisi. Mjukuu wa mfagizi hakuhitaji kadi ya uanachama ili akifikie. Baadaye akachukuliwa kwenye kituo cha Shirikisho la Tenisi la Kimataifa kilichokuwa Bujumbura, akiwa bado mdogo. Januari 2022 akawa Mkenya wa kwanza kushinda mechi kwenye mashindano makubwa ya vijana, kule Australia. Julai mwaka huohuo akabeba kombe la Wimbledon la wasichana wawili wawili akiwa na Mholanzi Rose Marie Nijkamp: 3-6, 6-4, 11-9. Huku Dodoma nasi tulishangilia, maana jirani akipata na wewe unanusa pilau.

Sasa nimwulize msomaji wa Iringa: siku ile walifungwa akina nani? Wakanada wawili, Kayla Cross na Victoria Mboko. Mboko alikuwa na miaka 15 tu. Wazazi wake ni watu wa Kongo waliohamia ng'ambo. Mwaka 2025 aliuanza akiwa nje ya wachezaji 300 bora duniani, akashinda mechi 22 mfululizo kwenye mashindano madogo, na Agosti akatwaa ubingwa wa Kanada mjini Montreal kwa kumfunga Naomi Osaka kwenye fainali. Aliyeshindwa Wimbledon anapigania makombe ya wakubwa. Aliyemshinda, huku kwetu wanasema kapotea.

Hakupotea hata kidogo. Alikwenda Marekani, Chuo Kikuu cha Auburn huko Alabama, kwa ufadhili wa masomo. Machi 2024 alitwaa dhahabu ya mmoja mmoja kwenye Michezo ya Afrika mjini Accra. Kwa binti asiye na mfadhili, chuo cha Marekani kinampa kocha, chakula, daktari na mechi kila wiki bila kutoa senti mfukoni. Wala simpunguzii Mboko sifa zake, amezitolea jasho. Ninachosema ni kwamba siku ile ya Wimbledon kipaji kilikuwa pande zote mbili za neti. Tofauti iko kwenye yanayofuata baada ya picha ya kombe.

Yanayofuata ni haya. Ngazi ya chini kabisa ya tenisi ya kulipwa ya wanawake huitwa W15, kwa sababu zawadi za mashindano yote, kuanzia bingwa hadi wa mwisho, ni dola 15,000. Bingwa hupata dola elfu mbili na ushee na alama 15 za viwango vya dunia. Bingwa wa Wimbledon hupata alama 2,000. Anayetolewa mechi ya kwanza kwenye W15 huondoka na chini ya dola 200, na humo kodi haijakatwa. Mashindano ya aina hii hufanyika karibu kila wiki Monastir, Tunisia. Piga hesabu ya binti anayetoka hapa: treni hadi Dar, ndege hadi Tunis, usafiri hadi Monastir, chumba, chakula, kutengeneza nyuzi za raketi. Anacheza Jumanne, anafungwa Jumanne. Na alama zenyewe hudumu wiki 52 tu kisha zinafutika, kwa hiyo hata aliyeumia mguu anaendelea kushuka ngazi akiwa kitandani. Hapo ndipo mabinti wengi wanapoishia, na si kwa uvivu.

Ons Jabeur wa Tunisia alipita humohumo. Mwaka 2011 alikuwa bingwa wa wasichana wa French Open. Kuingia 100 bora duniani ilikuwa 2017. Kombe lake la kwanza la WTA, chama cha tenisi ya kulipwa ya wanawake duniani, alilipata Birmingham, Uingereza, mwaka 2021 akiwa na miaka 26. Miaka kumi! Angekuwa wetu tungeshamwimbia nyimbo za maombolezo. Mwaka uliofuata alichukua ubingwa wa Madrid, akapanda hadi nafasi ya 2 duniani, akacheza fainali ya Wimbledon na ya US Open, na 2023 akarudi tena fainali ya Wimbledon. Zote tatu alifungwa, na ile ya mwisho ilimliza mbele ya dunia nzima. Julai 2025 alijipumzisha akisema furaha ya uwanjani imemwishia, na baadaye mwaka huo akatangaza kuwa ni mjamzito. Bahati yake, Machi 2025 WTA ilianzisha mfuko wa uzazi unaompa mchezaji likizo yenye malipo ya hadi miezi 12. Chama chenyewe kiliundwa 1973, mwaka uleule TANU ilipoamua makao makuu yahamie Dodoma, na kwa kasi naona vinalingana: mwaka huo US Open ililipa wanawake sawa na wanaume, lakini Wimbledon ilijivuta hadi 2007.

Ila kwa Jabeur kuna jambo dogo linalonifaa mimi kuliko fainali zake zote. Alipokuwa mtoto kule Sousse, klabu yake haikuwa na viwanja. Alifanyia mazoezi kwenye viwanja vya hoteli za jirani.

Hoteli, Mhariri. Dodoma leo kila ukigeuka kuna hoteli mpya, na Bunge likikaa vyumba havipatikani. Baadhi zina viwanja vya michezo nyuma, na klabu nazo zipo. Nimewahi kupeleka ombi kwenye sehemu moja hapa mjini, ambayo siitaji, kwamba wanafunzi wangu wa kike wacheze saa tisa alasiri, saa ambayo wanachama wako ofisini au wamelala. Nikajibiwa kwamba watoto watachafua. Kiwanja chenyewe nilikiona kwa macho yangu: neti imelegea hadi katikati inagusa chini, na majani yameota kwenye ufa wa mstari wa nyuma.

Basi tunachezea shuleni. Tunachora mistari kwa chokaa, upepo wa Dodoma unaifuta kabla ya saa kumi na moja, tunachora tena. Ukuta wa darasa la mwisho ndio mpinzani wetu, na mwalimu wa hesabu ameshanilalamikia sana kuhusu kelele. Udongo wetu wa changarawe hunyoa manyoya ya mpira upesi mno, ukiuona utadhani ni limau. Mpira ukifika hapo wasichana wanauchukua kuchezea rede, na hapo ndipo ninapokaa kuwaangalia. Msichana aliyekulia kwenye rede anajua kurusha kwa bega zima, na aliyezoea kukaa katikati anasoma mkono wa mrushaji kabla mpira haujatoka. Kuanzisha mpira kwenye tenisi kunataka bega hilohilo, na kupokea kunataka jicho hilohilo. Hayo hayakuja na wakoloni.

Kwa hiyo namwambia msomaji wa Iringa kwamba mchezo unakuwa wa wenye nazo pale mwenye geti anapoamua hivyo. Gharama za Monastir ni za baadaye, na zitataka wadhamini, chama cha tenisi na pengine serikali. Geti halihitaji bajeti.

Kwako Mhariri nina maombi mawili. La kwanza, muwe mnatuwekea matokeo ya wachezaji wanawake wa Afrika kila wiki, hata mistari mitatu, hata wanapofungwa, ili wasichana wangu wajue Okutoyi wiki hii kacheza wapi. La pili, kama kuna hoteli, klabu au taasisi yenye kiwanja kinacholala tupu alasiri, iandike kupitia kwako. Tutafagia sisi, neti tutaifunga sisi, na saa kumi na moja na nusu tutakuwa tumeshatoka.

Mwalimu wa michezo,
Ipagala, Dodoma
(Jina limehifadhiwa)