Subira niliipeleka pamoja na fomu

Kwa Mhariri,

Msomaji mmoja ametushauri katika ukurasa huu, sisi tunaongojea majina yetu yaingizwe kwenye sajili ya ardhi, tuwe na subira. Mimi subira niliipeleka Machi 2021, pamoja na fomu, hati ya korti iliyothibitisha mirathi na hatimiliki ya marehemu baba.

Kila nilipokwenda, faili haionekani. Mara imo kwa mkubwa, mara mkubwa yuko mkutanoni, mara njoo Jumatatu. Jumatatu gani, hawasemi.

Niliikwepa korti kwa sababu nilidhani huko huendwa na wanaogombania shamba. Letu halina ugomvi; ndugu zangu wote walitia sahihi. Hatimaye wakili mmoja akaniuliza nina karatasi gani. Nikamwonyesha risiti ya siku niliyowasilisha fomu. “Hii inaonyesha ulileta,” akasema. “Inayoonyesha ulidai iko wapi?” Sikuwa nayo. Miaka mitatu ya nauli, na hakuna hata mstari mmoja wa kuthibitisha kwamba niliwahi kuuliza.

Nilichojifunza kwake ni kwamba huko kucheleweshwa kwenyewe ni kesi. Kifungu cha 47 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na ofisi za umma kwa haraka na kwa utaratibu wa haki, na sheria iliyotungwa mwaka 2015 kukitekeleza inataja ucheleweshaji usio na sababu miongoni mwa mambo ambayo korti inaweza kuyachunguza. Unakwenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi kuomba agizo la mandamus, yaani ofisa alazimishwe kutimiza wajibu wake. Kama kusajili ni wajibu tu usiobaki na la kuamuliwa, ataamrishwa asajili. Kama analo la kuamua, pengine kuna kizuizi juu ya ardhi, ataamrishwa aamue, wala jaji hatamwamulia. Hata hilo lingenitosha. Mtu akinikatalia kwa maandishi najua pa kwenda. “Njoo Jumatatu” haikatiwi rufaa.

Lakini korti itakuuliza kwanza kama ulimaliza njia za malalamiko zilizopo. Ndipo barua inapokuwa na kazi. Iandike kwa msajili, taja nambari ya shamba na tarehe uliyowasilisha fomu, mpe muda wa kujibu, na usiondoke kaunta kabla nakala yako haijagongwa muhuri wa kupokelewa. (Karani wangu alisema muhuri umefungiwa. Nikakaa kwenye benchi hadi ukafunguliwa.)

Ombi langu kwa wakuu wa ofisi za ardhi ni dogo: risiti ya kuwasilisha fomu iandikwe pia tarehe ya mwisho ya kujibiwa. Wengi wetu hatuna uwezo wa kumlipa wakili ili tu tupate jibu.

Faili yangu ilionekana siku ya tisa baada ya barua. Hatimiliki bado naingoja, ila sasa nina tarehe ya kuhesabia.

Mwalimu mstaafu